Inchi Mbili

Nakiri mapema, msomaji, kwamba katika miaka 39 ya ndoa sikupata kubandika sufuria jikoni, isipokuwa ya maji ya kuoga. Ndivyo tulivyolelewa, nami niliyekuwa nikiwafundisha vijana falsafa ya elimu sikuona ajabu. Mke wangu alipofariki mwaka 2019, majirani walileta chakula siku za matanga, wakaleta na juma lililofuata, kisha, kama ilivyo haki yao, wakarudi kwenye shughuli zao. Nikabaki na jiko la mkaa, mfuko wa sembe na umri wa miaka 70.

Binti yangu anayeishi Boston alikuja likizo akala ugali wangu wenye mabonge, wala hakucheka mbele yangu. Safari iliyofuata aliniachia kitabu, My Life in France, kumbukumbu za Julia Child. Mama huyo aliziandika uzeeni akisaidiwa na Alex Prud'homme, mjukuu wa pacha wa mumewe, zikachapishwa mwaka 2006, miaka miwili baada ya kifo chake. Nilikifungua nikitafuta mapishi, nikajikuta nakisoma kama mwalimu.

Alizaliwa Pasadena, California, mwaka 1912, katika nyumba iliyokuwa na mpishi wa kuajiriwa. Wakati wa Vita Kuu ya Pili alifanya kazi za ofisini katika idara ya ujasusi ya Marekani, akapelekwa Ceylon, ndiyo Sri Lanka ya leo. Huko alikutana na Paul Child, wakaoana mwaka 1946. Miaka miwili baadaye Paul alipangiwa kazi katika ubalozi wa Marekani mjini Paris. Wakiwa njiani kutoka bandarini walisimama Rouen, wakala samaki aliyepikwa kwa siagi, na mama huyu wa miaka 36, ambaye mpaka hapo upishi ulikuwa ukimshinda, hakumsahau samaki yule maisha yake yote. Mwaka 1949 akajiandikisha katika chuo cha upishi cha Le Cordon Bleu. Wenzake darasani walikuwa wanaume, askari wa zamani wa Kimarekani.

Mtihani wa mwisho alifeli. Hapo nilikiweka kitabu chini. Alikuwa amejiandaa kwa mapishi makubwa makubwa, akaulizwa vitu vya kawaida vilivyokuwa katika kijitabu wanachopewa wanaoanza, ambacho hakukikariri. Aliurudia akafaulu mwaka 1951. Mimi nimeketi miaka mingi upande wa pili wa meza hiyo. Kuna kijana nilimfelisha katika mazoezi ya kufundisha kwa sababu andalio lake la somo halikufuata vipengele vyetu, ingawa watoto wa darasa lile walikuwa wameelewa sehemu kuliko darasa lolote nililowahi kufundisha mwenyewe. Yeye hakurudia. Alirudi kwao kulima.

Pamoja na Wafaransa wawili, Simone Beck na Louisette Bertholle, Julia aliandika Mastering the Art of French Cooking. Kazi ilichukua karibu miaka kumi. Wachapishaji wa kwanza waliukataa muswada, kisha kampuni ya Knopf ikautoa mwaka 1961. Kilichonivutia ni mpangilio wa kurasa zake: viungo vimeandikwa upande wa kushoto, mkabala na hatua ile ile vinapohitajika, ili mtu aliye peke yake jikoni, mikono imejaa unga, asihangaike kufunua huku na huku. Hilo ndilo andalio la somo, tena bora kuliko mengi niliyowahi kutia saini. Wala hakuandika asichokijaribu. Kwa ajili ya mkate wa Kifaransa katika juzuu ya pili ya mwaka 1970, yeye na mumewe walitumia miaka miwili na pauni zipatazo 280 za unga, yaani karibu kilo 130.

Kuanzia mwaka 1963 alifundisha katika televisheni ya WGBH ya Boston. Siku moja aligeuza chapati ya viazi, nusu ikamwagikia juu ya jiko. Akaizoa, akairudisha kikaangoni, akawaambia watazamaji kwamba mtu akiwa peke yake jikoni nani atamwona. Sisi tulipokosea ubaoni tulifuta haraka na kumkaripia aliyecheka.

Lakini kilichonikosesha usingizi ni jambo dogo. Katika nyumba yao ya Cambridge, jirani na Boston, Paul alilitengeneza jiko kwa kimo cha mkewe. Julia alizidi futi sita, basi badala ya meza za inchi 36 za kawaida, akaweka za inchi 38. Akatundika ubao ukutani, akachora umbo la kila sufuria ili irudi mahali pake. Jiko hilo Julia alilitoa mwaka 2001 kwa makumbusho ya Smithsonian mjini Washington, na binti yangu amekwenda kuliona.

Marehemu mke wangu alikuwa mrefu, akinizidi kidogo. Jiko letu lilikaa sakafuni. Jioni nilikuwa barazani nikisahihisha madaftari, namwona akinyanyuka ameshika kiuno, nami namwuliza chakula kitakuwa tayari saa ngapi. Kila likizo seremala alikuja kutengeneza madawati ya chuo, akinywa chai kwetu. Meza ya jiko ingemchukua asubuhi moja.

Mwaka jana nilimwita mwashi ajenge kizimba cha matofali, jiko likae juu. Aliniuliza anyanyue kiasi gani. Nilimwonyesha kwa mkono, nikipima kimo cha mke wangu, si changu. Amejenga vizuri. Ni juu mno kwangu, na kila nikisonga ugali bega linauma.