Bukavu: Ndugu wawili watafuta anwani ya kukutania ndani ya mchezo

Saa mbili usiku, kijana wa miaka 15 anayeishi Kadutu, mjini Bukavu, alituma ujumbe kwa WhatsApp. Ndani yake hakukuwa na salamu, kulikuwa na namba tu: 192.168.43.120. Yaya yake aliye Kampala, nchini Uganda, aliinakili namba ile, akaiandika mahali mchezo wa Minecraft unapouliza anwani ya seva, akabonyeza na kungoja. Baada ya muda mashine ikamjibu kwamba seva haipatikani.

Akajaribu tena mara nne. Kisha wakaanza kulaumiana.

«Yaya, umeandika vibaya.»

«Nimeandika vile ulivyonitumia.»

«Basi koneksio yako ni mbaya.»

«Yangu? Ni wewe uko Bukavu.»

Neno hilo la mwisho lilimuuma mdogo. Alizima simu, akalala bila kula.

Ili kuelewa kwa nini namba moja iliwagombanisha ndugu wawili, inafaa kurudi nyuma kidogo. Kabla ya Februari 2025, wote wawili walikuwa wakilala chumba kimoja na kutumia kompyuta moja ya zamani. Walikuwa na kazi yao ya jioni: kujenga ndani ya Minecraft nyumba ya mama yao. Mchezo huu hauna hadithi ya lazima. Mchezaji hupewa ardhi, miti na mawe, naye hujenga kwa matofali ya mraba chochote anachotaka. Wao walijenga nyumba ya mlimani, paa la bati, ngazi za udongo zinazoshuka kwenye bomba la maji, na mti wa parachichi mbele ya mlango. Mkubwa alikuwa akijenga kuta, mdogo akipanda miti.

Vita vilipofika Bukavu mwezi ule, mjomba wao alimchukua mkubwa, wakavuka mpaka. Mdogo alibaki kwa sababu ya shule, na kwa sababu mama hakutaka kubaki peke yake. Kompyuta ya zamani ilibaki pia, na ndani yake ile nyumba. Miezi ilipita. Siku mjomba alipomwazima mkubwa kompyuta yake, wazo la kwanza lilikuwa kurudi pamoja kwenye ule ujenzi. Kilichokosekana, walidhani, ni anwani tu.

Asubuhi baada ya ugomvi, mdogo alimwendea fundi mmoja wa mashine, mzee anayetengeneza simu kwenye kibanda karibu na barabara. Akamwonyesha ile namba.

«Papa, anwani hii ina kosa gani?»

Mzee akaitazama, akacheka. «Haina kosa, mwanangu. Ni ya kweli, lakini ni ya ndani ya nyumba.»

Akamweleza hivi. Kompyuta ya kijana hupata intaneti kutoka kwenye simu ya mama. Simu inapogawa intaneti, yenyewe ndiyo hukipa kila chombo kilichojiunga nayo namba yake. Namba zinazoanza na 192.168, au na 10, au zile za kuanzia 172.16 hadi 172.31, zimetengwa duniani kote kwa matumizi ya ndani. Simu nyingi sana hugawa namba zilezile. Kwa hiyo yaya alipoandika namba ile kule Kampala, mashine yake haikutoka kwenda Bukavu hata hatua moja. Ilimtafuta mdogo wake ndani ya chumba kilekile cha Kampala alimokuwa amekaa.

«Ni kama kumwambia mtu aliye mbali, niko chumba cha pili, mlango wa kushoto,» mzee akasema. «Atauliza, chumba cha pili cha nyumba gani?»

Mtu wa Bukavu anaelewa haraka mfano huo. Nyumba nyingi za mji huu hazina namba mlangoni. Mgeni huelekezwa kwa kanisa, kwa bomba, kwa duka la mama fulani, na mwishoni mtoto hutumwa barabarani kumpokea. Maelekezo yanamfaa tu mtu ambaye tayari yuko jirani.

Namba ile ya ndani haikosi faida, hata hivyo. Watoto watatu wa parsele moja wakiunga mashine zao kwenye simu moja, mmoja akafungua mchezo wake kwa mtandao wa ndani, wengine wataingia kwa namba hiyo bila kutumia hata mega moja. Mchezo wenyewe huonyesha poti, yaani namba ya mlango, na inaandikwa baada ya anwani ikitanguliwa na nukta mbili. Siku ambayo hakuna fedha ya kununua mega, hiyo ndiyo njia.

Lakini yaya hakuwa kwenye parsele. Basi mdogo akatafuta anwani ya nje, ile ambayo dunia inaiona. Kuipata ni rahisi: kuna kurasa za intaneti zinazomwonyesha kila anayezifungua namba aliyoingia nayo. Akaituma Kampala. Jibu likawa lilelile: seva haipatikani.

Akarudi kwa mzee. Safari hii mzee hakucheka. Alimwambia kwamba anwani za aina hii ya zamani, zenye mafungu manne ya namba, ni kama bilioni 4.3 tu, na watu duniani wamepita bilioni 8, wengine wakiwa na vyombo viwili au vitatu. Kwa sababu hiyo makampuni mengi ya simu huwaweka wateja wengi nyuma ya anwani moja. Ni parsele kubwa yenye wapangaji mia na lango moja. Mpangaji akitoka na kurudi, mlinzi anamkumbuka. Ila mgeni akibisha kutoka nje na kusema namtafuta kijana fulani, mlinzi hajui ni wa chumba gani, na mgeni anaachwa barabarani.

Njia ya kupima hali hiyo ipo. Linganisha namba ambayo kifaa chako kimepewa na kampuni na namba ambayo kurasa za nje zinaona. Zikiwa tofauti, uko nyuma ya lango la wengi. Namba za kuanzia 100.64 hadi 100.127 zimetengwa kwa ajili ya malango hayo hasa. Hapo hata ukigusa mipangilio yote ya mashine yako, mgeni hataingia, maana ufunguo wa lango hauko mikononi mwako.

Ilibaki njia moja: nyumba ihamishwe, iwekwe mahali ambapo wote wawili wanaweza kutoka na kuifikia. Yaani seva ya kukodi. Za kulipia zipo nyingi, lakini zinaomba kadi ya benki, na Bukavu benki zilikuwa zimefungwa. Wakachagua seva ya bure. Seva za namna hiyo zina masharti yake: lazima mtu aziwashe kwanza, siku yenye wachezaji wengi anapanga foleni, na wachezaji wote wakitoka, baada ya dakika chache zinajizima. Kwa ndugu wawili wanaokutana saa moja kwa siku, masharti hayo yanavumilika.

Kuhamisha ulimwengu wao kulichukua usiku mzima. Mdogo alinunua forfe ya usiku, akafunga folda ya mchezo, akaipandisha polepole huku akiangalia umeme usikatike. Kabla ya hapo mzee alikuwa amemwonya: «Nakala moja ibaki kwako. Usitoe mbegu yote ghalani.» Alitii bila kujua kwamba neno hilo lingemwokoa.

Asubuhi walikuwa na anwani mpya. Haikuwa namba tupu: ilikuwa jina lenye nukta, na mwishoni nukta mbili na poti. Hata hapo walikosea mara mbili. Mara ya kwanza nafasi moja iliingia mwishoni wakati wa kunakili, na mashine ikasema haiijui anwani hiyo. Mara ya pili toleo la mchezo la Kampala lilikuwa jipya kuliko la seva, na seva ikamkataa mgeni mpaka matoleo yakafanana. Wengine hukosea jambo la tatu: Minecraft ya kompyuta iitwayo Java na ile ya simu iitwayo Bedrock hazikutani zenyewe. Poti ya kawaida ya Java ni 25565, ya Bedrock ni 19132. Mtu akipewa anwani, aulize kwanza ni ya toleo gani.

Siku ya tatu, saa moja jioni, mdogo aliona maandishi madogo kwenye kioo: mchezaji ameingia. Chini ya mti wa parachichi alisimama mtu wa matofali mwenye jina la yaya yake.

Hawakuzungumza juu ya ugomvi. Mkubwa alikwenda moja kwa moja kwenye ukuta aliouacha nusu na kuanza kupanga matofali.

Kuna jambo la ajabu kidogo katika kukutana kwao. Seva yao iko Ulaya. Bukavu na Kampala ni miji ya ukanda mmoja, lakini kila hatua ya ndugu hawa husafiri maelfu ya kilomita kwenda kaskazini na kurudi. Mwanga ndani ya nyaya za mtandao huenda kama kilomita 200,000 kwa sekunde, nazo nyaya hazinyooki kama ndege anavyoruka. Ndiyo maana mlango wa mchezo huchelewa kidogo kufunguka baada ya kubonyezwa. Kwa kujenga ukuta, ucheleweshaji huo si neno. Kwa michezo ya mpira au ya kupigana risasi, ambako sehemu ndogo ya sekunde huamua, anayechagua seva anapaswa kuangalia kwanza ping, yaani muda wa kwenda na kurudi unaohesabiwa kwa milisekunde. Namba ikiwa ndogo, mchezo ni mwepesi.

Wiki tatu zikapita vizuri. Kisha mdogo, kwa furaha, akaitupa anwani kwenye kundi la WhatsApp la darasa lake. Kutoka pale ilisambaa, haikujulikana mpaka wapi. Asubuhi moja yaya aliingia, akakuta paa limeungua, mti umekatwa, na ukuta aliokuwa anaujenga umelipuliwa kwa baruti. Waliofanya hivyo walikuwa wameshaondoka, wameacha majina ambayo hakuna aliyeyajua.

Mkubwa alipiga simu. Mdogo alitegemea kugombezwa. Yaya alisema tu, kwa sauti ya chini: «Hata hii nayo wameichoma.»

Ile nakala iliyobaki kwenye kompyuta ndiyo iliyorudisha nyumba. Kazi ya wiki tatu ilipotea, msingi ukapona. Safari hii, kabla ya kuwasha seva, waliweka orodha ya wanaoruhusiwa. Ni kitu kidogo kwenye mipangilio: unaandika majina ya wachezaji, na asiye kwenye orodha anakataliwa mlangoni hata akiwa na anwani sahihi. Waliandika majina mawili.

Wakajifunza na jingine. Katika kutafuta seva ya haraka zaidi, mdogo alikutana na ukurasa uliomwomba neno la siri la akaunti yake ili apewe anwani. Aliuacha. Kuingia kwenye seva ya mwenzako kunahitaji anwani, na pengine poti. Anayetaka neno lako la siri ili akuonyeshe njia, huyo anatafuta kuingia kwako.

Mama yao hakuwahi kuupenda mchezo. Kwake ulikuwa ni mega zinazoliwa, na mara nyingi aliuliza kwa nini wasipige simu tu. Mdogo alishindwa kumjibu. Kwenye simu, yaya husema niko salama, nimekula, msiwe na wasiwasi, na maneno yanaisha. Ndani ya mchezo wanaweza kukaa saa nzima bila neno, kila mmoja na tofali lake, kama zamani katika kile chumba.

Jioni moja mama alisimama nyuma ya kijana wake, akiwa na kitambaa cha jikoni mkononi, akatazama kioo.

«Yule ni yeye?»

«Ni yeye, mama.»

«Mwambie asimame pale kwenye mti.»

Mdogo akaandika. Mtu wa matofali akashuka ngazi, akasimama chini ya parachichi, akainama mara mbili kama anayesalimu. Mama alinyamaza kwa muda. Kisha akainama karibu zaidi na kioo, akaonyesha paa kwa kidole.

«Mwambie bati la upande wa nyuma lilitoboka tangu mvua za mwezi uliopita. Anajenga kama bado ni zima.»

Mdogo akaandika na hayo. Yaya hakujibu. Wakamwona anapanda ngazi polepole, anazunguka nyuma ya nyumba, anatoa tofali moja la paa. Halafu akaingia ndani na kuweka ndoo chini ya tundu.