Safari ya Same na Milima ya Upare

Msafiri atokaye Tanga kwenda Moshi, akiisha kupita Mombo na Mkomazi, huiona Milima ya Upare mkono wake wa kulia, nayo humsindikiza njia nzima bila ya kumwacha. Mkono wa kushoto ni tambarare kavu yenye miiba na mkonge. Hupita Hedaru, hupita Makanya, na kisha hufika Same, mji wa joto na vumbi uliokaa chini ya milima. Huko juu, panapoonekana mawingu, ndipo penye migomba, kahawa, tangawizi na vijito vya maji baridi. Na kilele cha Shengena, kipitacho mita 2,400, ndicho kirefu kuliko vyote vya Upare.

Tulifunga safari hii kwa sababu ya swali. Kijana mmoja katika wasomaji wetu alituuliza: yawaje Wamarekani, watu wenye elimu na mali, wakateseka miaka mingi kwa ajili ya rangi ya ngozi? Swali ni jema, na habari zake zimeandikwa sana. Utumwa ulikomeshwa huko mwaka 1865. Lakini mwaka 1896 Mahakama Kuu yao ikahalalisha kuwatenga weusi na weupe, na katika shule hukumu hiyo haikuvunjwa mpaka mwaka 1954. Illa tuliona si vizuri kumweleza kijana habari za Alabama kabla ya kumweleza habari za nyumbani kwake. Basi tukaenda Same.

Mji huu uko kando ya reli ambayo Wajerumani walianza kuijenga Tanga mwaka 1893, wakaifikisha Moshi mwaka 1911. Baada yao walikuja Waingereza, na chini yao watu wa Tanganyika waliwekwa katika mafungu matatu: Mzungu, Mwasia na Mwafrika. Kila fungu lilikuwa na shule zake, na cheo chake mbele ya Serikali. Hata viti 30 vya wawakilishi katika Baraza la Kutunga Sheria, mwaka 1955, viligawanywa kwa njia hiyo, 10 kwa kila fungu. Hali Waafrika walikuwa zaidi ya milioni 8, na Wazungu kiasi cha 20,000 tu. Mwenye kudhani kwamba ubaguzi ulikuwa mambo ya Marekani peke yake, na awaulize wazee wake.

Sisi tuliuliza. Pale Same tulionyeshwa upande wa Boma, na tukaelezwa habari za kodi ambayo Wapare waliiita mbiru. Katika miaka ya Vita Kuu ya Pili, Serikali ilitaka kila mtu alipe kodi kwa kadiri ya mali yake, na mali hiyo ithaminiwe na watu wa machifu. Wananchi waliona kwamba uthamini ule haukuwa wa haki, tena hawakushauriwa. Mwezi wa Januari 1945 watu kwa maelfu waliteremka kutoka milimani, wakaketi Same kwa utulivu, wakitaka kodi ile iondolewe. Waliacha mashamba yao, wake zao wakabaki na kazi zote. Mwaka uliofuata wanawake wa Usangi nao wakasimama mbele ya wakubwa wa Serikali kuwadai waume zao na haki yao. Mwaka 1947 kodi ya namna ile ikaachwa.

Wasomaji wengi wanajua habari za mji wa Montgomery, jinsi watu weusi walivyokataa kupanda mabasi kwa siku 381, tangu Desemba 1955, baada ya Bibi Rosa Parks kukamatwa kwa kukataa kumwachia mzungu kiti. Ni habari ya kusifiwa. Lakini ni wangapi katika watoto wetu wajuao kwamba, miaka kumi kabla ya hapo, wakulima wa Upare waliketi juu ya ardhi ya Same kwa subira kama ile?

Wala Upare haukuwa peke yake. Upande wa Meru, mwezi wa Novemba 1951, kiasi cha watu 3,000 waliondolewa kwa nguvu Engare Nanyuki, nyumba zao zikachomwa, ili pafanywe mashamba 13 ya Wazungu. Mwaka 1952 Bwana Kirilo Japhet alikwenda New York kuwashitakia mbele ya Umoja wa Mataifa, akisaidiwa na mwanasheria Earle Seaton, mtu mweusi wa visiwa vya Bermuda aliyefanya kazi Moshi. Hivyo malalamiko ya weusi wa huku na wa ng'ambo ya bahari yalikutana katika mkoba mmoja wa karatasi.

Siku ya pili tulipanda mlima kwa njia ya Mwembe iendayo Mbaga. Gari lilikwenda polepole, kona juu ya kona, na kila tulipopanda joto la Same lilibaki nyuma yetu. Hapo tuliona ndiva. Ndiva ni bwawa la udongo na mawe lililojengwa juu ya mashamba. Maji ya kijito hukusanywa humo usiku, na asubuhi hufunguliwa yakapita mferejini, leo kwa huyu, kesho kwa yule. Mwenye zamu hupata maji, na asiyefika msaragambo, yaani kazi ya pamoja ya kuzibua mfereji, hulaumiwa na wenzake. Hakuna awezaye kulima peke yake.

Huko Mbaga yako mapango ya Mghimbi. Wenyeji husimulia kwamba katika karne ya kumi na tisa watu walijificha humo kuwakimbia wateka watumwa. Hapa imetupasa kusema ukweli hata kama ni mchungu. Misafara iliyopita katika bonde la Pangani haikuwa ya Wazungu. Ilikuwa ya watu wa pwani, na wengi wao walisali sala tunayosali sisi. Walisaidiwa na watawala wa bara waliouza watu wa mataifa mengine, na pengine hata watu wao. Hatuwezi kuisoma dhuluma ya Marekani kwa sauti kubwa, na hii tukaipita kwa kunong'ona.

Jioni, katika kurudi, tulikaribishwa Mwembe na mzee mmoja, Mwislamu, ambaye baba yake alikuwa katika wale walioketi Same. Baada ya sala ya Magharibi alitusimulia jinsi yeye, mtoto mdogo, alivyoteremka na mama yake kumpelekea baba chakula. Akanyamaza kidogo, kisha akatuuliza:

"Wanangu, ninyi mmetoka pwani. Msikitini tunasimama bega kwa bega, nami namshukuru Mungu. Je, mjukuu wangu akija kuposa kwenu, mtampa binti?"

Tungeweza kujibu upesi kwamba Uislamu hauna ubaguzi. Lakini tulikumbuka posa moja tuliyohudhuria miaka michache iliyopita. Mposaji alikuwa kijana wa milimani, mwenye dini, adabu na kazi. Wazee wa binti hawakumtia ila nyingine yo yote; walisema tu kwamba hawaijui asili yake, na kila aliyekuwapo alifahamu maana ya neno lile. Nasi tulikuwapo. Tulikunywa kahawa yetu, tukanyamaza, tukaaga. Basi tulimwambia mzee hivyo hivyo, bila ya kupunguza.

Hakutukemea. Alisema, "Nasi tuna yetu, wanangu. Mwenye duka mmoja wa asili ya Kihindi alizaa mtoto na binti wa ukoo wetu. Mtoto yule hakutakiwa dukani wala hakutakiwa kwetu. Tulimwita chotara mpaka akahama."

Ndugu wasomaji, Sura ya Al-Hujurat, katika aya yake ya 13, inatufundisha kwamba mataifa na makabila yamewekwa ili watu wajuane, na kwamba mbora mbele ya Mungu ni yule amchaye zaidi. Wengi wetu tumeihifadhi. Tena tunasoma katika Hadithi kwamba Abu Dharri, sahaba mkubwa, alimtusi mtu kwa kumtaja mama yake, na Mtume (s.a.w.) akamwambia kwamba bado ndani yake imo tabia ya ujahili. Ikiwa sahaba aliweza kubaki na mabaki ya ujahili, sisi ni nani hata tujione tumesalimika?

Al-Hajj Malik El-Shabazz, ambaye ulimwengu ulimjua kwa jina la Malcolm X, alikuwa akifundisha kwamba wazungu wote ni waovu. Mwezi wa Aprili 1964 alihiji Makka, akala sahani moja na Waislamu weupe, akakiri hadharani kwamba alikosea. Mwezi wa Oktoba mwaka huo alifika Dar es Salaam, akaonana na Rais Nyerere. Na mwezi wa Februari 1965 akauawa. Kukiri kosa mbele ya watu waliokuwa wakimpigia makofi kwa kosa lile, huo ndio ushujaa.

Nchi yetu nayo ilijitahidi. Mwezi wa Oktoba 1961, baadhi ya wabunge walipotaka uraia uwe wa Waafrika tu, Mwalimu Nyerere alikataa kata kata kupima uraia kwa rangi. Mwaka 1962 mgawanyo wa shule kwa rangi ukaondolewa. Hata hivyo, Zanzibar, Januari 1964, watu wengi waliuawa, na wengi wao walikuwa Waarabu. Na mwaka 1970 huko huko mabinti wa asili ya Kiajemi waliozwa kwa nguvu, ati kwa kuondoa ubaguzi. Dhuluma haikuondolewa kwa dhuluma. Serikali yaweza kufungua mlango wa shule. Mlango wa nyumba hufunguliwa na wenye nyumba kwa radhi yao.

Kwa hiyo, kijana aliyetuuliza, jibu letu ni hili. Wamarekani waliteseka kwa sababu kila kizazi kilikuta jambo baya, kikaliona ni desturi, kikawarithisha watoto. Nasi twaweza kufanya vivyo hivyo katika baraza zetu, kwa neno moja dogo la "asili". Wazazi, angalieni yasemwayo mbele ya watoto. Vijana, mkisikia neno lile katika posa, msinyamaze kama tulivyonyamaza sisi.

Asubuhi tuliteremka. Ndiva ilikuwa imefunguliwa, na maji yalikuwa yakipita katika shamba la mtu mmoja yakielekea kwa jirani yake. Tumemwandikia kijana yule wa posa kumwomba radhi. Bado hajajibu, na haki ni yake. Mwenyezi Mungu atusamehe na atuongoze. Amin.