Gari la Msaada Limefika Wapi?

Barabara ya TANZAM, ninayoifuata katika simulizi hii kutoka Dar es Salaam kupanda hadi Iringa, ilijengwa kati ya mwaka 1968 na 1973, wakati Zambia ilipohitaji njia ya kufika baharini bila kutegemea Rhodesia ya walowezi. Mpaka leo shaba ya Zambia na ya Congo hushukia hapa kwenda bandarini, na mafuta hupandia hapa. Mabasi, malori na magari madogo hugawana njia moja, na si lazima mtu afike mbali ndipo aone gari lililokufa. Matawi mabichi yaliyolazwa juu ya lami hutoa taarifa mapema, kisha huja lori lenyewe, na utingo kivulini chini ya trela. Fundi ameitwa, au brekidauni, gari la kuvuta yaliyokwama, imeitwa. Ninachotaka kukijenga njiani ni hoja moja: kwa aliyekwama, kujua msaada umefika wapi ni sehemu ya msaada wenyewe. Anayemwacha mteja gizani saa nne kisha akamvuta salama ametoa nusu ya huduma, hata kama mnyororo wake ni mzuri na dereva wake ni hodari.

Mpaka Kibaha hoja hii haina mpinzani. Wakazi wa Dar es Salaam wamezoea kuliona gari walilolikodi likisogea kwenye ramani ya simu tangu Uber ilipoingia jijini mwaka 2016. Nyenzo yenyewe ina historia ndefu kidogo. Tarehe 2 Mei 2000 Marekani iliacha kuyavuruga makusudi mawimbi ya GPS yanayotumiwa na raia, na kipimo kilichokuwa kikikosea kwa makumi ya mita kikawa cha kutegemewa. Mwaka 2017 WhatsApp iliongeza uwezo wa kumwonyesha mtu mwingine mahali ulipo huku ukitembea, kwa robo saa, saa moja au saa nane. Saa nane zinatosha kabisa kwa brekidauni itokayo Morogoro kwenda Mikumi na kurudi. Kwa hiyo dereva wa brekidauni hahitaji kununua mtambo, kwani chombo kiko mfukoni mwake. Hata hivyo, kazi ya kuvuta magari kwenye njia kuu bado inaendeshwa kwa maneno mawili ya simu, "niko njiani". Maneno hayo anaweza kuyatamka aliyekwisha kuvuka Chalinze, na anaweza kuyatamka ambaye bado anajaza dizeli Ubungo. Aliyekwama hana namna ya kuwatofautisha.

Kati ya Chalinze na Morogoro, ambako mashamba ya mkonge yanaandamana na barabara, ndipo pa kuuliza tofauti hiyo ina uzito gani. Mwaka 1985 David Maister, mtafiti wa masuala ya huduma, aliandika makala kuhusu saikolojia ya kusubiri akaeleza jambo ambalo wasimamizi wa hospitali na viwanja vya ndege wanalirejea hadi leo: kusubiri usikojua mwisho wake huonekana kurefu kuliko kusubiri unakoujua. Nalikubali, ila naona halitoshi. Likiishia hapo, ramani itakuwa dawa ya kutuliza moyo tu, na mtu atasema moyo utulizwe kwa soda baridi. Barabarani anayesubiri ana maamuzi mazito ya kufanya, na kila uamuzi unategemea mahali msaada ulipo. Amebeba nyanya za Ilula na jua ni kali: je, atafute gari jingine la kuzihamishia? Ana watoto na jua linazama: je, awapandishe basi linalopita watangulie? Betri imebaki kidogo: je, azime taa za tahadhari mchana ili ziwake usiku, saa ambayo lori lililosimama bila taa hugeuka mtego kwa dereva anayekuja nyuma? Akijua brekidauni iko karibu, Msamvu, jibu ni moja. Akijua bado iko mbali, Mlandizi, jibu ni jingine. Asipojua lolote, hubaki amekaa, na kukaa huko nako ni uamuzi, tena aghalabu ndio mbaya kuliko yote.

Wapo watakaosema nimeisahau desturi ya njia hii. Madereva wa masafa husaidiana: mmoja husimama, huazima jeki, hutoa mpira wa kufungia bomba la maji lililopasuka, humbeba utingo hadi mji unaofuata akanunue spea. Fundi wa kijijini hufika na bodaboda kabla kampuni ya mjini haijapokea simu. Ni kweli, na sitaki kuona udugu huo ukipotea, kwa sababu umeokoa mizigo na roho za watu ambazo hakuna kampuni ingeziwahi. Lakini udugu huo huhitaji taarifa kuliko mtu yeyote. Dereva anayejitolea kusimama anataka kujua kama anahitajika kweli au msaada uko umbali wa dakika ishirini. Fundi wa Doma anataka kujua kama afungue injini, au aiache ikavutwe kwenda gereji yenye vifaa. Taarifa ikiwepo, kinachopungua ni ile saa ambayo mtu mwema hupoteza kwa kubahatisha.

Pingamizi zito linanisubiri Mikumi. Barabara hukata katikati ya Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, iliyotangazwa mwaka 1964, kwa takriban kilomita 50, na hapo aliyekwama hawezi kuteremka akatembea kutafuta kijiji, maana tembo, nyati na simba wako kwao. Ndipo taarifa inapohitajika kuliko popote, na ndipo mtandao unapoweza kumtupa mkono. Ramani ya simu haina uchawi: setilaiti humwambia dereva wa brekidauni yuko wapi hata pasipo na mnara, lakini kumfikishia habari hiyo anayesubiri kunahitaji mtandao upande wake na upande wa mwenzake. Ukikatika, alama kwenye ramani husimama, na mtazamaji hudhani gari limesimama. Hili ni kosa la kweli, na huduma inayolificha inadanganya. Tiba yake ni ndogo: alama iandikwe saa iliyoonekana mara ya mwisho, na pembeni yake uwepo ujumbe mfupi wa maandishi kutoka kila mahali panapojulikana. "Nimepita Doma saa kumi na nusu, naingia hifadhini." Ujumbe wa namna hiyo hupenya penye mtandao dhaifu, hufika kwenye simu ya kitochi, na hubaki umeandikwa. Barabara hii ina majina ya kutosha kuifanya ramani ya maneno.

Kuna pia haki ya dereva wa brekidauni. Mabasi ya mikoani hufuatiliwa na LATRA, Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini, kwa mfumo wa kufuatilia magari uitwao VTS, na lengo ni kuzuia mwendo kasi. Mteja anayeitazama brekidauni ana lengo tofauti, anataka ifike haraka, na macho yake yanaweza kumsukuma dereva apite pasipopitika. Naliogopa hilo. Ndiyo maana napendelea mahali paonekane tangu kazi inapokubaliwa hadi gari linapofika, basi, na pasiwepo saa inayohesabu kurudi nyuma kana kwamba kuchelewa ni hatia. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 imeanza kutumika Tanzania, na mahali alipo mfanyakazi ni taarifa yake. Kampuni inayoendelea kumfuatilia akiwa nyumbani haina sababu ya kumtaja mteja.

Baada ya Ruaha Mbuyuni, penye mibuyu na marobota ya vitunguu kandokando, barabara inaanza kuupanda mlima Kitonga, na hapa kilomita hazina tena maana ya kawaida. Lori lenye mzigo hupanda kwa mwendo wa mtu anayetembea, na likizimika kwenye kona, foleni hurefuka juu na chini. Brekidauni inayoonekana kilomita tano chini ya mteja inaweza kuwa mbali kuliko ile iliyo kilomita thelathini upande wa Ilula. Programu inayopiga hesabu kwa mwendo wa gari dogo itaahidi dakika kumi na kumfanya mteja amwite dereva mwongo. Kwa Kitonga nataka jibu la binadamu juu ya jibu la ramani: dereva apige simu, aseme foleni imeanzia wapi, ataje muda wa chini na wa juu. Mteja akiambiwa saa mbili hadi tatu, atakuwa na nafasi ya kumwita wa Ilula ashuke.