Kima wa Hadithi

Wapwani wana majini wa baharini. Wanyakyusa wa Mbeya wana wanyama wa mlimani. Katika misitu ya Rungwe, mlima unaokaribia mita 3,000, wamo wanyama wa kushikika na wamo wa hadithi, na msimulizi hasumbuki kuwatenga. Mmoja wao ni kipunji, kima mwenye haya, akaaye juu mitini.

Mwaka 2003 watafiti waliposimuliwa habari zake hawakujua wamtie fungu gani. Mei wakamwona kwa mbali. Desemba wakamwona waziwazi: manyoya ya kahawia, kishungi kimesimama utosini, sauti yake mbweko. Mwaka 2004 watafiti wengine wakamkuta Ndundulu, mkoani Iringa, mbali kabisa na Rungwe. Mwaka 2005 ulimwengu ukatangaziwa ugunduzi.

Ugunduzi! Lakini jina lilikwishakuwamo vinywani mwa wawindaji, na wataalamu, kwa insafu, walilitwaa lilelile wakaliandika vitabuni. Hadithi ikathibiti kwa kuchelewa. Kipindi chote hicho ilipokuwa ikingoja kusadikiwa, msitu uliomficha kipunji ulikuwa ukikatwa mbao na kuchomwa mkaa. Hesabu ya mwaka 2008 ilikuta kima 1,117.