Bamba la Chini

Kwetu Kipili, ukingoni mwa Ziwa Tanganyika, sufuria husuguliwa kwa mchanga. Tulipomzuru binti yetu Maskati, tulikuta jikoni mashine ya kuoshea vyombo, nayo yavuja maji sakafuni. Mumewe alikuwa kazini, tukajitia ufundi.

Tulichomoa umeme, tukafunga koki ya maji, tukalegeza skrubu mbili za bamba la chini la mbele. Ndani mlikuwa na pampu, mipira ya maji, na kibano kimoja kilicholegea. Tukakikaza kwa bisibisi, tukarudisha bamba na skrubu zake.

Usiku usingizi haukuja. Tulikumbuka waya wa kijani na manjano uliofungwa nyuma ya bamba: tuliuchomoa wenyewe, na kuurudisha hatukuurudisha. Waya ule ndio upelekao ardhini umeme uliopotea njia; bila huo, bamba la chuma laweza kumwua mtoto aligusaye kwa mkono wa maji. Na wajukuu wetu hucheza pale pale.

Tuliona haya, ndugu wasomaji, mwalimu mzima! Hata hivyo tulimgongea mkwe wetu saa nane za usiku. Tukachomoa tena umeme. Yeye akashika tochi, sisi tukalegeza skrubu.

“Baba,” akauliza, “jana mashine iliwashwa?”

“Mara mbili,” tukamjibu.