Kitabu Ambacho Pate Haikukiandika

3 Februari
Nimeshakipa jina: Kitabu cha Sauti. Hakijapata kuwapo duniani. Ndani ya riwaya yangu kitaandikwa Pate, mji wa kisiwani karibu na Lamu, karne ya 17, kwa herufi za Kiarabu, na mtu asiyetaja jina lake popote. Kila ninayemsimulia huuliza lilelile: mna maneno gani humo ya kuangusha kuta, ya kuita mvua? Hayamo. Maneno ya siri hubuniwa kwa dakika tano, na yakishabuniwa hayatuambii lolote kuhusu watu waliokishika kitabu. Nataka msomaji ajue sauti ilifanya nini kwa watu wa mji ule.

5 Februari
Leo nilishinda na wanazuoni ambao habari zao zingeweza kufika Pate kwa majahazi. Al-Kindi, karne ya 9, aliziunganisha nyuzi nne za udi na damu, kohozi, nyongo ya manjano na nyongo nyeusi. Ikhwan al-Safa wa Basra, karne iliyofuata, walitenga waraka mzima kwa ajili ya muziki. Al-Farabi, inasimuliwa, alipiga ala mbele ya wakubwa wakacheka, akabadili wakalia, akabadili tena wakalala wote, hata mabawabu, naye akajiondokea. Edirne, katika hospitali ya Sultan Bayezid II iliyokamilika 1488, wagonjwa wa akili walipigiwa muziki kama sehemu ya tiba.

Hayo yote mtunzi wangu atayajua. Lakini ni elimu ya majumba ya wafalme. Pwani ilikuwa na yake.

9 Februari
Siwa! Nimezunguka kote huko ilhali jambo lenyewe liko Lamu, ndani ya makumbusho: siwa ya Pate, baragumu ya pembe za ndovu, urefu wake unapita mita 2, imechongwa nakshi, na tundu la kupulizia liko ubavuni. Wareno waliofika Malindi na Vasco da Gama mwaka 1498 waliandika kwamba mfalme alikuwa na baragumu mbili za pembe, kimo cha mtu, zinazopulizwa ubavuni. Kwa hiyo mtunzi wangu angezaliwa akiikuta sauti ile ina umri mkubwa.

Siwa haikupulizwa kwa yeyote tu. Ilikuwa ya kutawazwa, ya harusi na tohara za waungwana. Asiyekuwa na haki nayo aliisikia ikilia kwa wenzake.

Na Habari za Pate, masimulizi ya masultani wa mji ule, zina kisa cha Mwana Darini, ambacho sijui kwa nini hakijaandikiwa riwaya kumi. Mumewe aliuawa kwa amri ya sultani. Wakati wa tohara ulipofika, mwanamke huyu akaomba siwa kwa ajili ya mwanawe, akanyimwa. Akamwita fundi, akamchongesha siwa ya pembe kwa siri.

10 Februari
Sijalala vizuri kwa sababu ya Mwana Darini. Walikuwa wameshamuua mume. Kumnyima siwa kulikuwa kumwambia kwamba mtoto naye hahesabiwi. Angeweza kumtahiri kimya na jeraha likapona vilevile. Alijua kwamba mji usiposikia, mji haujakiri. Hiyo ndiyo nguvu ninayoitafuta, na al-Kindi hakuigusa.

16 Februari
Mlango mfupi: maji ya kusomewa. Mwalimu husoma aya juu ya bilauri, mgonjwa hunywa. Na kombe: aya huandikwa kwa zafarani kwenye sahani, zikaoshwa, zikanywewa. Nitaeleza kwa heshima na kupita. Wanaoyanywa hawahitaji nitetee imani yao.

21 Februari
Sehemu ya pili ya riwaya, kitabu kinapopatikana tena, itakuwa Lamu wakati wa Habib Swaleh, mwalimu wa dini aliyefariki 1935. Yeye aliingiza matari katika maulidi, akasomesha watu ambao waungwana hawakutaka kukaa nao darasa moja. Wapo waliopinga, wakasema ngoma haina mahali kwenye ibada. Mimi naamini kilichowaudhi zaidi ni nani ameshika tari. Leo wageni huja kutoka pwani nzima kwa maulidi yale ya msikiti wake wa Riyadha. Mwana Darini angeelewa.

27 Februari
Nimeufuta mlango wa Chladni, yule Mjerumani aliyechapisha mwaka 1787 michoro ya mchanga unaojipanga juu ya bamba linalotetemeshwa kwa upinde wa fidla. Inapendeza mno, na ndiyo maana ilikuwa inaniibia kitabu.

2 Machi
Mtunzi ni mwanamke. Ni mwandishi wa barua wa nyumba ya Mwana Darini, na Kitabu cha Sauti kinaanza siku fundi anapofungiwa chumba cha ndani na pembe zake. Msumeno na tupa juu ya pembe vinasikika nje. Nyumba za Pate zimebanana na sultani ana masikio. Kwa hiyo wanawake wa nyumba lazima watwange mchana kutwa, hata kinu kikiwa kitupu, na waimbe kwa zamu, na majirani waanze kuuliza ni karamu gani hii isiyoalikwa mtu. Kesho asubuhi naenda Langoni, mtaa wa Lamu, kwa seremala, anipigie tupa kwenye mfupa wa ng'ombe nikiwa nyuma ya ukuta, nijue walikuwa na kazi kubwa kiasi gani.