Siagi ya plamu chini ya Mlima Kenya

Ukitoka Nairobi alfajiri kwa matatu ya Nyeri, ukapita Thika, Makutano na Sagana, baridi huanza kukuuma unapokaribia Karatina. Hapo abiria wengi huchungulia madirishani, si kuutazama Mlima Kenya, ambao mara nyingi huwa umejifunika mawingu, bali kununua matunda. Mwezi wa Januari na Februari plamu hujaa kwenye ndoo na karai, nyekundu, nyingine nyeusi kwa kuiva. Jioni, zilizopondeka huachiwa nzi.

Karatina si mgeni wa kazi ya kuhifadhi chakula. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia serikali ya kikoloni iliweka hapo kiwanda cha kukausha mboga za kulisha wanajeshi. Vita vilipokwisha kikafungwa.

Shangazi yangu, ambaye kwa Kikuyu tunamwita tata, anaishi nje kidogo ya mji wa Nyeri na ana miti sita ya plamu. Yote huiva kwa pamoja. Wachuuzi huja na gari, wakaona matunda yanaanguka, wakataja bei kama watu wanaokusaidia kuondoa takataka. Mwaka mmoja tata aliwakatalia, akawasha jiko.

Anachopika ni siagi ya matunda. Haina hata tone la maziwa. Imeitwa hivyo kwa ulaini wake juu ya mkate. Huchukua plamu kilo 2 zilizooshwa, akazichemsha kwa kikombe kimoja cha maji hadi zilainike, kisha akazisugua kwenye chujio kwa mwiko ili kokwa na maganda yabaki juu. Kwa kila vikombe 2 vya rojo hutia kikombe 1 cha sukari, na kijiti cha dalasini. Halafu ni subira: makaa yaliyofifia, saa nzima na zaidi, huku unakoroga, maana ikishika chini utaonja moshi hadi Pasaka. Rojo hiyo huruka na kuunguza. Tata huvaa soksi kuukuu mkononi. Kujua kama imeiva, huangusha tone kwenye sahani baridi. Lisipotoa maji pembeni, basi.

Hujaza chupa zilizochemshwa, siagi ikiwa bado moto, akiacha nafasi ndogo juu. Hupangusa midomo, hufunga kwa vifuniko vipya, kisha huzitumbukiza katika sufuria kubwa yenye kitambaa chini na maji yanayofunika vifuniko.

"Maji yakishatokota, dakika 10," aliniambia.

Nikaondoka na ndoo ya plamu hadi Nanyuki kwa dada yangu, nikafanya vivyo hivyo. Baada ya majuma matatu dada alipiga simu: ukungu ndani ya chupa 4 kati ya 7. Sukari ya watu, makaa ya watu, vyote jalalani.

Pale Nanyuki kwenye alama ya Ikweta, vijana huwaonyesha wageni jinsi maji yanavyozunguka kwenye beseni, upande huu hivi, upande ule vile. Huo ni mchezo wa mkono tu. Lakini maji ya huku yana siri ya kweli. Mombasa huchemka kwenye nyuzi 100. Nyeri, mita 1,750 hivi juu ya bahari, huchemka kwenye 94. Nanyuki, iliyo juu zaidi, chini kidogo ya hapo. Yanatokota kwa kelele zile zile, ila moto wake ni pungufu. Ndiyo maana miongozo ya kuhifadhi siagi za matunda hutaka dakika 5 pwani, 10 hadi kiasi cha mita 1,800, na 15 kupita hapo.

Nilimweleza tata elimu hiyo kwa fahari. Akanisikiliza hadi mwisho.

"Na midomo ya chupa uliipangusa, mwanangu?"

Nikanyamaza.

Msomaji, chupa yenye ukungu itupwe yote. Usikwangue juu ukala chini. Na njia hii ni ya matunda makali kama plamu, kwa kuwa ukali huo huzuia viini vya sumu hatari iitwayo botulizimu. Usiijaribu kwa maharagwe, nyama wala papai.

Januari iliyofuata tata alikuja mwenyewe Nanyuki. Dakika 15, kwa saa ya ukutani. Tulizipanga chupa 9 mezani zipoe, watoto wa dada wakakaa kimya wakisubiri vifuniko vibonyee: tak! tak! Vilibonyea 8. Ile ya tisa tuliimaliza jioni hiyo hiyo, kwa mkate na chai.